Umri, Meno na Chanjo: Namna ya Kumchagua Mtoto wa Mbwa

Upande wa kusini wa jiji la Arusha, katika eneo la Kwa Mrombo na vitongoji vinavyolizunguka, mashamba yamekuwa yakigeuka viwanja vya kujengea. Kila nyumba mpya inapozungushiwa ukuta au seng'enge, mwenye nyumba huanza kuwaza habari ya mlinzi, na mlinzi wa gharama ndogo ni mbwa. Maduka yanayouza mbwa ni machache. Aghalabu mtoto wa mbwa hupatikana kwa jirani ambaye jike wake amezaa, kwa mfugaji anayetangaza biashara yake, au kwa kijana asimamaye kando ya barabara na boksi miguuni pake. Popote anaponunuliwa, mnunuzi huuliza mambo mawili: ni wa aina gani, na ni shilingi ngapi.

Makala haya yanakusudia kueleza kwa nini maswali hayo mawili yangepaswa kutanguliwa na mengine mawili, yaani: ana umri gani, na yuko wapi mama yake? Uhai wa mnyama huyo katika mwezi wa kwanza nyumbani, tabia yake atakapokuwa mkubwa, na usalama wa watoto wa nyumba hiyo, vyote vinategemea majibu ya maswali hayo kuliko vinavyotegemea jina la ukoo wake.

Tuanze na umri, kwa kuwa ndipo udanganyifu ulipo mwingi. Muuzaji ana sababu ya kuharakisha. Watoto wa mbwa wakifikia wiki ya nne huanza kula sana, na chakula hicho ni gharama yake. Kwa hiyo huwauza wakiwa na wiki 4 au 5 na kutamka kwamba wametimiza miezi miwili. Mnunuzi hana haja ya kubishana naye. Na amfungue mnyama kinywa. Mbwa huzaliwa bila meno. Meno madogo ya mbele huanza kuchomoza kati ya wiki ya tatu na ya nne, chonge hufuata karibu na wakati huo huo au baadaye kidogo, na magego ya utotoni hutokea kuanzia wiki ya nne, yakikamilika kufikia wiki ya nane hivi. Meno ya utoto yakitimia huwa 28. Mtoto mwenye chonge zilizochomoza nusu, na ufizi mtupu nyuma yake, hajafikisha miezi miwili, hata kama muuzaji ataapa. Kinyume chake, mwenye mapengo mbele, ambamo meno mapana ya ukubwani yameanza kuonekana, amekwisha kupita miezi mitatu.

Sababu ya kusisitiza wiki 8 inahusu damu ya mnyama mwenyewe. Katika saa 24 za kwanza za maisha yake, mtoto wa mbwa hunyonya dang'a, na ndani ya maziwa hayo ya mwanzo hupokea kingamwili zilizotengenezwa na mwili wa mama yake. Ikiwa mama aliwahi kuchanjwa, au aliwahi kuugua akapona, mtoto anapata sehemu kubwa ya kinga hiyo. Mama asiye na kinga hana cha kumrithisha mwanawe. Ndiyo maana kadi ya chanjo ya mama ina thamani kwa mnunuzi kama ile ya mtoto.

Lakini kinga hiyo ni ya kuazima, na hupungua siku hadi siku. Tuchukue mfano wa hesabu. Tuseme mtoto ana vipimo 128 vya kingamwili siku ya pili baada ya kuzaliwa, na kwamba kiasi hicho hupungua nusu kila zipitapo siku 10. Siku ya 32 atakuwa amebakiwa na vipimo 16, siku ya 42 vipimo 8, siku ya 52 vipimo 4, na siku ya 62 vipimo 2. Tuseme tena kwamba virusi vya ugonjwa wenyewe huzuiliwa ikiwa damu ina vipimo 8 au zaidi, lakini chanjo, ambayo ni virusi vilivyodhoofishwa, hufutwa hata na vipimo 2. Hapo tunaona ajabu moja: kati ya siku ya 42 na ya 62 mtoto huyo hana kinga ya kumwokoa, na wakati huo huo kinga iliyosalia inatosha kuiharibu chanjo. Ndugu yake aliyenyonya nusu ya kiasi hicho ataingia katika hatari hiyo siku 10 mapema, na atatoka siku 10 mapema. Tarakimu hizi ni za mfano tu, ila utaratibu wenyewe ndivyo ulivyo. Kwa kuwa hakuna awezaye kujua kwa macho ni siku gani kila mtoto hufikia pengo hilo, madaktari wa mifugo huirudia chanjo kila baada ya wiki 3 au 4, kuanzia wiki ya sita au ya nane, mpaka mnyama atimize wiki 16. Muuzaji asemaye "huyu amekwisha kuchanjwa", akiwa na maana ya sindano moja ya wiki ya sita, yamkini anasema kweli, lakini kweli hiyo haimsaidii sana mnunuzi.

Adui mkubwa wa kipindi hicho ni virusi vya pavo. Ugonjwa wake ulitambuliwa mwaka 1978, na katika muda wa miaka miwili hivi ulikuwa umeenea duniani. Mtoto aliyeambukizwa hukaa siku 3 hadi 7, pengine zaidi, bila dalili yoyote. Kisha huacha kula, hutapika, na huharisha kinyesi chenye damu na harufu kali. Asipotibiwa upesi kwa kuongezewa maji mwilini, wengi hufa katika siku chache. Hebu msomaji apime maana ya siku hizo za ukimya. Mtoto huuzwa Jumamosi akiwa mchangamfu, na Alhamisi inayofuata amelala chali. Mnunuzi humshuku muuzaji kwamba alimwuzia mgonjwa, muuzaji naye humshuku mnunuzi kwamba alimlisha vibaya, na aghalabu jirani hudhaniwa ametupa sumu. Kumbe virusi vilikuwa tayari ndani ya mwili kabla fedha hazijabadili mikono, pengine kutoka katika boksi ambalo wiki iliyopita lilikuwa na watoto wa jike mwingine.

Hasara haiishi hapo. Virusi vya pavo ni vigumu kufa, na katika udongo wenye kivuli huweza kukaa miezi mingi, hata mwaka. Sabuni ya kawaida haiviui. Sakafu ya saruji huweza kusafishwa kwa dawa ya klorini ya kufulia, ile iitwayo jiki, kwa kipimo kimoja katika maji vipimo 30, baada ya kwanza kuondoa uchafu wote. Lakini ua wa udongo hausafishiki hivyo. Mwenye kufiwa na mbwa kwa ugonjwa huu asilete mtoto mwingine asiyekamilisha chanjo mahali pale pale. Kwa maoni yetu hili ndilo kosa linalorudiwa zaidi, maana mtu mwenye huzuni, na mwenye watoto wanaolia, hutaka kujaza nafasi iliyo wazi haraka iwezekanavyo.

Ugonjwa wa pili wa kukumbukwa ni distempa, unaoshambulia mapafu, matumbo na hatimaye ubongo. Wakazi wa mkoa wa Arusha wana sababu ya pekee ya kuufahamu. Mwaka 1994 simba wapatao theluthi moja ya wale wa Serengeti walikufa katika mlipuko wa virusi hivyo, na wachunguzi walivihusisha na mbwa wa vijiji vinavyopakana na hifadhi. Uchunguzi wa baadaye ulionyesha kwamba vimelea vya damu vienezwavyo na kupe, vilivyozidi baada ya ukame, viliwadhoofisha simba hao na kuongeza vifo. Mtoto wa mbwa mwenye makamasi mazito na macho yenye usaha, hata akiuzwa kwa nusu ya bei, asinunuliwe.

Sasa tuje kwenye kichaa cha mbwa, ambacho kinamhusu binadamu moja kwa moja. Uchunguzi uliochapishwa mwaka 2002, uliotumia takwimu za watu walioumwa na mbwa, ulikadiria kwamba watu wapatao 1,500 walikuwa wakifa kwa ugonjwa huu nchini Tanzania kila mwaka, idadi iliyozidi mno ile iliyokuwa ikiripotiwa rasmi. Dalili zikishaanza, tiba karibu haipo. Tangu Louis Pasteur alipomchanja kijana Joseph Meister mwezi Julai 1885, njia ya kuokoa maisha imekuwa kumwahi mgonjwa kabla ya dalili.

Kuna funzo kutoka Pemba linalomgusa kila anunuaye mbwa kutoka mbali. Kwa kuchanja mbwa kisiwa kizima mwaka hadi mwaka, Pemba ilifaulu kuufuta ugonjwa huo kufikia Mei 2014. Kisha kazi ya uchanjaji ililegea. Mwishoni mwa mwaka 2016 ugonjwa ulirudi, na uchunguzi wa chembe za urithi za virusi ulionyesha kwamba uliingizwa upya mara mbili. Iliwalazimu kuchanja tena kisiwa kizima, na ugonjwa ukatoweka Oktoba 2018. Virusi hivi haviogelei. Husafiri ndani ya mnyama, na mnyama huvuka bahari kwa chombo. Mbwa aliyeambukizwa huweza kukaa wiki kadhaa, hata miezi, akionekana mzima. Kwa hiyo anunuaye mtoto kutoka wilaya nyingine bila kujua kama mama yake aliumwa na mbwa asiyejulikana, anakubali kuingiza nyumbani historia asiyoijua. Mtoto wa mbwa mwenye meno kama sindano hung'ata kwa kucheza, na watoto wa watu hawaripoti mikwaruzo midogo. Jeraha lolote la mbwa asiyejulikana lioshwe mara moja kwa maji yanayotiririka na sabuni kwa dakika 15, kisha majeruhi apelekwe hospitali siku hiyo hiyo, hata kama jeraha ni dogo.

Kadi ya chanjo nayo isomwe badala ya kutazamwa tu. Iwe na tarehe, jina la chanjo, kibandiko kilichobanduliwa kwenye kichupa, na mhuri wa daktari wa mifugo. Madaktari hao husajiliwa na Baraza la Veterinari Tanzania, kwa mujibu wa Sheria ya Veterinari ya mwaka 2003, na mnunuzi ana haki ya kuuliza ni nani aliyechanja. Tarehe zilinganishwe na meno. Aidha chanjo za virusi hai, kama zile za pavo na distempa, hutakiwa kutunzwa katika ubaridi wa nyuzi 2 hadi 8 za sentigredi. Kichupa kilichokaa juu ya rafu ya duka tangu asubuhi kimekwisha kuwa maji ya bei ghali.

Wapo watakaosema kwamba mbwa wa ulinzi hahitaji mambo mengi, bali ukali. Mtoto wa wiki 5 hufungiwa katika kibanda cha giza mchana kutwa, asione mgeni, kwa imani kwamba akikua atamchukia kila mtu. Jambo hili limechunguzwa. Mwaka 1961 huko Bar Harbor, Marekani, yalichapishwa matokeo ya majaribio ambamo watoto wa mbwa walilelewa katika kiwanja kilichozungushiwa, mbali na watu, na kila kundi lilizoezwa kuwa na binadamu kwa wiki moja tu katika umri tofauti. Wale ambao hawakumwona mtu kwa karibu mpaka wiki ya 14 waligeuka kuwa kama wanyama wa porini, nao hawakuweza kuzoezwa ipasavyo hata baadaye. Mlango wa mazoea hufunguka kwenye wiki ya tatu na huanza kufunga kwenye wiki ya 12 hivi. Mnyama aliyefungiwa katika muda huo huwa mwoga, na mbwa mwoga hamng'ati mwizi. Hukimbia nyuma ya nyumba, kisha humng'ata mtoto anayekwenda kuokota mpira wake. Mlinzi mzuri ni yule anayewajua wa nyumbani vizuri kiasi cha kumtambua asiyekuwa wa nyumbani.

Hapa pia mama ana sehemu yake. Kati ya wiki ya tano na ya nane mama na ndugu humfundisha mtoto kipimo cha kung'ata: aking'ata mno, mwenzake hupiga kelele na mchezo hukoma. Aliyetengwa na wenzake wiki ya nne hakulipata somo hilo. Mnunuzi akimwona mama mwenyewe, ataona pia kama ni mnyama mtulivu au mwenye kutetemeka pembeni, na woga wa mama kwa sehemu hurithiwa. Huko England, tangu Aprili 2020, mfanyabiashara asiyemzalisha mbwa mwenyewe haruhusiwi kumwuza mtoto wa chini ya miezi 6. Mnunuzi humfuata mzalishaji, na mama awepo pamoja na watoto wake. Hapa kwetu mnunuzi anaweza kujiwekea kanuni hiyo bila kungojea sheria. Duka au mchuuzi asiyeweza kueleza mama yuko wapi, aachwe. Ni vigumu kumwacha mnyama mdogo anayetetemeka ndani ya boksi, lakini kila anunuliwaye kwa huruma huagiza boksi jingine.

Kuhusu aina, tutasema kwa ufupi. Wengi Arusha hulipa bei kubwa kwa jina la mbwa wa kijerumani, na hupewa chotara. Chotara si dhambi, wala mbwa wa kienyeji si duni: ana manyoya mafupi yafaayo hali ya hewa yetu, hula kiasi, na hubweka vilevile. Kinachoumiza ni kulipa jina.

Minyoo, kwa upande mwingine, yastahili maelezo zaidi. Karibu kila mtoto wa mbwa huzaliwa na minyoo ya mviringo, kwa kuwa huvuka kutoka kwa mama kupitia kondo la nyuma na baadaye kupitia maziwa. Tumbo lililojaa kama ngoma juu ya mbavu zinazohesabika si dalili ya shibe. Mayai ya minyoo hiyo hutoka na kinyesi, hukomaa udongoni kwa wiki mbili au zaidi, na mtoto wa binadamu anayechezea udongo huweza kuyameza. Viluwiluwi vyake husafiri hadi ini, mapafu, au jicho. Dawa yafaa itolewe kuanzia wiki ya pili na kurudiwa kila wiki mbili hadi ya nane. Muuzaji aulizwe tarehe.

Kuna mnyoo mwingine ambao mtoto wa mbwa huupata kwa mnunuzi wala si kwa muuzaji, na hapa Kwa Mrombo, penye sifa ya nyama choma, hauna budi kutajwa. Ni tegu mdogo sana aishiye katika utumbo wa mbwa. Mayai yake yakimezwa na ng'ombe, mbuzi au kondoo hufanya malengelenge ya maji katika ini na mapafu. Na yakimezwa na mtu hufanya vivyo hivyo, malengelenge yakikua polepole kwa miaka mpaka yahitaji upasuaji. Kumbukumbu za machinjio ya Arusha za mwaka 2005 hadi 2007 zilionyesha malengelenge hayo katika takriban ng'ombe 4 kwa kila 100, na mbuzi na kondoo 6 kwa kila 100. Mbwa huambukizwa kwa kula viungo hivyo vibichi, na wiki 6 au 7 baadaye huanza kutoa mayai, ambayo hunata hata kwenye manyoya yake. Mapafu na maini yaliyokataliwa na mkaguzi wa nyama, ambayo hutolewa bure kwa wenye mbwa, yafukiwe au yachomwe. Hata yaliyo mazima yachemshwe kwanza. Dawa nyingi za minyoo ya mviringo haziui tegu huyu. Dawa imfaayo ni prazikwanteli.

Mnyama akishachaguliwa, yabaki mambo machache ya nyumbani. Arusha iko katika mwinuko wa karibu mita 1,400, na usiku wa Juni na Julai ni wa baridi kwa kiumbe aliyekuwa akilala katikati ya ndugu sita. Apewe boksi kavu lenye matambara, mahali pasipo na upepo. Alishwe chakula kile kile alichozoea kwa wiki ya kwanza, ndipo kibadilishwe kidogo kidogo. Kama nyumbani kuna mbwa wengine, atengwe nao kwa wiki mbili.

Msomaji atauliza: awezaje kufichwa asipate pavo, na papo hapo azoezwe watu kabla ya wiki ya 12? Jibu ni kumbeba. Asikanyage barabara, soko, wala ua wenye mbwa wasiojulikana mpaka wiki mbili zipite baada ya sindano ya wiki ya 16, lakini abebwe mikononi mpaka getini asikie pikipiki, aone wanafunzi wakipita, apokee chakula mkononi mwa mgeni. Chanjo ya kichaa cha mbwa hutolewa afikishapo wiki 12 na hurudiwa mwaka mmoja baadaye. Tarehe ya kurudia iandikwe kwenye kadi siku hiyo hiyo ya sindano ya kwanza.